Mpelelezi Anayetafutwa: Ucheshi na Upelelezi katika Sinema Bubu ya Kijerumani, 1906–1918

Ikisiri

Historia ya sinema ya Kijerumani imezoeleka kusimuliwa kuanzia filamu ya Das Cabinet des Dr. Caligari (1920), yaani kuanzia hofu, mauzauza na wendawazimu. Kutokana na mazoea hayo, filamu za kuchekesha zilizotengenezwa kabla ya hapo, hususani zile zilizomhusu mpelelezi, zimechukuliwa kuwa burudani nyepesi isiyostahili uhakiki. Makala haya yanachunguza utanzu huo kwa kuzingatia zaidi filamu ya Wo ist Coletti? (1913) iliyoongozwa na Max Mack, kisha yanaigusa Die Jagd nach der Hundertpfundnote (1913) na Der Fall Rosentopf (1918). Hoja inayotetewa ni kwamba ucheshi ndio uliowapa Wajerumani mpelelezi aliyetokana na mazingira ya mji wao wenyewe, na kwamba mpelelezi huyo aliligeuza swali la msingi la hadithi ya upelelezi. Badala ya kuuliza nani ametenda kosa, aliuliza ni nani anayeweza kumtambua mwenzake katika umati. Kwa msingi huo, dai mashuhuri la Siegfried Kracauer kwamba Ujerumani haikuweza kuzaa mpelelezi wake linahitaji kutazamwa upya.

1.0 Utangulizi

Katika Kiswahili, neno mpelelezi hubeba maana mbili: mtu anayefichua uhalifu, na jasusi anayechungulia siri za wengine. Kitenzi peleleza hakitenganishi kazi hizo mbili. Muktadha ndio unaoamua. Kijerumani kilichukua njia nyingine. Kilipohitaji jina la mtu binafsi anayefumbua mafumbo ya uhalifu kwa akili yake, kilikopa neno Detektiv kutoka Kiingereza, na pamoja na neno hilo kikaja na mhusika mzima: kofia, kiko, chumba cha London na rafiki wa kusimulia habari. Mpelelezi alifika Berlin akiwa mgeni, na kwa muda mrefu alibaki na jina la kigeni.

Ugeni huo ndio uliomfanya Siegfried Kracauer, katika kitabu chake From Caligari to Hitler (1947), atoe hoja ambayo imerudiwa mara nyingi. Kwa Kracauer, mpelelezi ni shujaa wa akili huru anayefanya kazi nje ya dola. Hivyo basi, anahitaji jamii yenye demokrasia ili aweze kuaminika. Kwa kuwa Ujerumani ya Kaiser haikuwa na demokrasia ya aina hiyo, watengenezaji wa filamu walilazimika kumwazima mpelelezi wa Kiingereza. Kracauer alitoa mfano wa Stuart Webbs, mpelelezi aliyeigizwa na Ernst Reicher kuanzia mwaka 1914.

Hoja hiyo ina uzito, lakini imejengwa juu ya filamu za upelelezi zilizojichukulia kwa dhati. Zile zilizomfanyia mzaha mpelelezi hazikupewa nafasi. Makala haya yanaanza pale ambapo Kracauer hakutua. Kwanza yanaangalia namna mpelelezi alivyoingia katika utamaduni wa Kijerumani kupitia vijitabu na jukwaa la tamthilia. Pili, yanachambua Wo ist Coletti? kwa kina, tatu, yanaonyesha namna ucheshi huo ulivyoendelea hadi mwisho wa Vita Kuu ya Kwanza, na mwisho, yanairudia hoja ya Kracauer.

2.0 Kutoka Kijitabuni na Jukwaani hadi Sinemani

Mwaka 1906 ni mahali pazuri pa kuanzia, kwa sababu matukio mawili ya mwaka huo yaliandaa hadhira kwa kicheko kilichokuja baadaye.

La kwanza ni la jukwaani. Ferdinand Bonn, mwigizaji na meneja wa ukumbi wa Berliner Theater, aliigiza tamthilia yake mwenyewe iitwayo Sherlock Holmes, aliyoipa kitambulisho cha komedi ya upelelezi. Kitambulisho hicho kina maana kubwa kwa historia ya utanzu. Kinaonyesha kwamba Holmes wa jukwaa la Berlin alipokelewa tangu mwanzo akiwa karibu na kichekesho. Mtu anayeweza kusoma maisha ya mgeni kwa kutazama tope la viatu vyake ni wa kustaajabiwa, lakini pia ni wa kuchekwa, kwa kuwa hatua kutoka ustadi hadi majigambo ni fupi.

Tukio la pili lilitokea mtaani. Tarehe 16 Oktoba 1906, fundi viatu aitwaye Wilhelm Voigt, aliyekuwa amekwisha kutumikia vifungo kadhaa gerezani, alivaa sare ya kapteni aliyoinunua ikiwa kuukuu, akawaamuru askari aliokutana nao njiani wamfuate hadi Köpenick, akamkamata meya, na akaondoka na zaidi ya Mark 3,500 za hazina ya mji. Hakuna aliyemtazama usoni. Wote walitazama sare. Ujerumani nzima ilicheka, na mwaka huohuo filamu fupi zilitengenezwa kuhusu kisa hicho. Voigt hakuwa mpelelezi, lakini kisa chake kilifundisha jambo ambalo ucheshi wa upelelezi ungelitumia tena na tena: dola yenye kusifika kwa utaratibu inaweza kudanganywa na alama zake yenyewe.

Wakati huohuo, vijitabu vya bei rahisi vilienea. Hadithi za Nick Carter zilizotoka Marekani zilichapishwa kwa Kijerumani, na mwaka 1907 ulianza mfululizo wa vijitabu vilivyotumia jina la Sherlock Holmes bila ridhaa ya waliomiliki haki zake. Baada ya mvutano wa kisheria, mfululizo huo ulibadilishwa jina, lakini shujaa aliendelea kuitwa Holmes, huku nafasi ya Watson ikichukuliwa na kijana aitwaye Harry Taxon. Walimu, makasisi na wanamageuzi wa maadili waliviita vijitabu hivyo fasihi ya takataka, na wakaendesha kampeni dhidi yake. Sinema ilipoanza kuonyesha hadithi zizo hizo, kampeni iligeukia sinema. Katika utafiti wake kuhusu watazamaji wa mji wa Mannheim, uliochapishwa mwaka 1914, Emilie Altenloh aliona kwamba hadithi za upelelezi zilikuwa miongoni mwa zile zilizopendwa na wavulana. Kwa wanamageuzi, hilo lilikuwa thibitisho la hatari.

Filamu zenyewe zilikuwa za kuazima. Kampuni ya Éclair ya Ufaransa ilikuwa imeanza mfululizo wa Nick Carter mwaka 1908. Mwigizaji na mwongozaji wa Kidenmark, Viggo Larsen, alihamia Berlin na kuitengenezea kampuni ya Vitascope mfululizo wa Arsène Lupin contra Sherlock Holmes katika miaka ya 1910 na 1911, ambamo mwizi mwungwana wa Kifaransa alimhangaisha mpelelezi wa Kiingereza. Hadhira ya Kijerumani ilikaa pembeni ikitazama ugomvi wa wageni wawili. Mjini Berlin, mpelelezi alikuwa bado hajapata mtaa wake.

3.0 Wo ist Coletti?: Mpelelezi Ageuka Windo

Mtaa huo ulipatikana mwaka 1913, na uliletwa na kampuni ileile ya Vitascope, iliyoasisiwa na Jules Greenbaum. Mazingira ya utengenezaji yanafaa kuelezwa kwa ufupi. Mwaka huo, wenye sinema walijitahidi kuipa tasnia yao heshima kwa kuwaalika waandishi wenye majina. Max Mack alikuwa ametoka kuongoza Der Andere, filamu iliyotokana na tamthilia ya Paul Lindau, ambamo mwigizaji mashuhuri Albert Bassermann anaigiza mwanasheria ambaye nafsi yake ya pili inamfanya ashirikiane na mwizi kuivunja nyumba yake mwenyewe. Kwa Wo ist Coletti?, yaani "Yuko wapi Coletti?", mwandishi alikuwa Franz von Schönthan, mtunzi mkongwe wa vichekesho vya jukwaani aliyefahamika kwa Der Raub der Sabinerinnen, tamthilia aliyoitunga pamoja na ndugu yake Paul. Schönthan alifariki mwishoni mwa mwaka huohuo wa 1913. Filamu hii basi ni miongoni mwa kazi zake za mwisho.

Kisa ni rahisi kusimulia. Jean Coletti, anayeigizwa na Hans Junkermann, ni mpelelezi maarufu wa Berlin. Barua ya wazi gazetini inalalamika kwamba mhalifu ambaye sura yake ilikuwa imetangazwa aliweza kuzunguka mjini kwa saa 48 kabla ya kukamatwa. Coletti anaumizwa na lawama hiyo, na anaijibu kwa dau: yeye mwenyewe atajificha ndani ya Berlin kwa saa 48, sura yake itabandikwa kila mahali, na atakayemkamata atapata Mark 100,000. Kisha anamvisha kinyozi aitwaye Anton sura yake na kumwachia mji. Umati unamwandama Coletti wa bandia, huku Coletti halisi akipita katikati ya watu kwa kujibadili mavazi na hali. Msako unapanda basi la ghorofa na hata chombo cha angani cha aina ya Zeppelin.

Katika muhtasari huo yamo mageuzi matatu yanayostahili kutenganishwa.

3.1 Mageuzi ya nafasi

Katika hadithi ya kawaida ya upelelezi, mhalifu hujificha na mpelelezi hutafuta. Wananchi huwa mashahidi, au washukiwa, au watazamaji tu. Katika Wo ist Coletti?, mpelelezi ndiye anayejificha na wananchi ndio wanaotafuta. Uhalifu haupo kabisa. Hakuna maiti, hakuna wizi, hakuna siri ya kufumbuliwa mwishoni. Kilichobaki ni umbo tupu la msako, na umbo hilo likiwa limeondolewa hatia ndani yake, linakuwa mchezo.

Mchezo huo una upande mkali. Wananchi wa Berlin wanaomkimbilia Anton wanafanya kazi ya polisi bila kuajiriwa, na wanaifanya kwa tamaa ya fedha. Kila mmoja anamtazama jirani yake kwa jicho la mpelelezi. Filamu inaichekea hali hiyo, lakini inaionyesha wazi: zawadi ikiwa kubwa ya kutosha, mji mzima hugeuka kikosi cha upelelezi. Maana mbili za neno la Kiswahili mpelelezi zingemfaa vizuri mtazamaji wa filamu hii, kwa kuwa anachokiona ni watu wanaoanza kwa kutafuta na kuishia kuchunguliana.

3.2 Mageuzi ya picha

Jambo la pili linahusu picha. Tangu miaka ya 1880, Alphonse Bertillon wa Paris alikuwa ameweka mfumo wa kuwatambua wahalifu kwa vipimo vya mwili na picha zilizopigwa kwa utaratibu maalumu. Polisi wa Ulaya, wakiwemo wa Ujerumani, waliukubali mfumo huo kwa imani kwamba mwili wa mtu hauwezi kusema uongo. Mwanahistoria wa sinema Tom Gunning ameonyesha jinsi hadithi ya upelelezi na picha ya kamera zilivyokua pamoja katika karne ya 19, zote mbili zikiahidi kumfunga mtu na utambulisho wake.

Wo ist Coletti? inaivunja ahadi hiyo kwa kutumia chombo kilekile kilichoitoa. Berlin ilikuwa na nguzo za matangazo zilizoanza kusimamishwa na Ernst Litfaß mwaka 1855, nguzo za mviringo zilizobandikwa matangazo ya tamthilia, bidhaa na maagizo ya serikali. Picha ya Coletti inapobandikwa mjini, kila mtu anapata maarifa yaleyale kumhusu. Matokeo yake ni kinyume cha matarajio. Kadiri picha inavyoenea, ndivyo inavyokuwa rahisi kuigwa. Mkono wa kinyozi unatosha kumzalisha Coletti wa pili, kwa sababu umati haumtafuti mtu; unatafuta picha, na Anton anafanana na picha. Coletti mwenyewe, akishajiondolea alama zilizochapishwa, hana anayemjua.

Inafaa kulinganisha na Holmes. Holmes huona alama ambazo wengine hawazioni, na humo ndimo yalimo mamlaka yake. Coletti anajificha nyuma ya alama ambazo kila mtu anaziona. Ujuzi wake si wa kusoma ishara bali wa kufahamu jinsi wengine wanavyozisoma. Huyu ni mpelelezi wa enzi ya gazeti la mtaani na bango, na si wa enzi ya chumba cha Baker Street. Yuko karibu zaidi na Wilhelm Voigt wa Köpenick kuliko alivyo karibu na Holmes: wote wawili wanajua kwamba Berlin hutazama nguo kabla ya uso.

3.3 Mageuzi ya mahali

Tatu, filamu ilipigwa katika mitaa halisi. Berlin ya wakati huo ilikuwa na wakazi takriban milioni 2, na ilikuwa ikipanuka kwa kasi. Mtazamaji aliyelipa kiingilio mwaka 1913 aliona barabara alizozipita asubuhi, mabasi aliyoyapanda na umati aliouzoea. Hapo ndipo tofauti na filamu za Larsen inapojitokeza. Kisa cha Lupin na Holmes kingeweza kutokea popote. Kisa cha Coletti kinahitaji mji mkubwa wenye magazeti, nguzo za matangazo na usafiri wa umma, na kinahitaji watu wanaokaa karibu bila kujuana. Jina la mpelelezi lina sauti ya kigeni, ni kweli, lakini si la Kiingereza, na mwenye jina hilo anaujua mji kama mwenyeji.

Dau lake lenyewe linahusu swali ambalo wakazi wa mji huo walikuwa wakijiuliza: je, mtu anaweza kupotea mchana kweupe? Jibu la filamu ni kwamba anaweza, na kwamba uwezo huo ni aina ya uhuru. Katika dola yenye kuandikisha, kupima na kusajili raia wake kwa bidii, kumwona mtu akipita katikati ya umati bila kushikwa, tena mtu huyo akiwa ni mlinzi wa sheria, kulikuwa burudani yenye maana pana kuliko kisa chenyewe.

4.0 Dau, Mbio na Mwanamke Mpelelezi

Coletti hakuwa peke yake. Mwaka huohuo wa 1913, Willy Zeyn aliongoza Die Jagd nach der Hundertpfundnote, ambamo Senta Eichstaedt aliigiza mpelelezi mwanamke aitwaye Miss Nobody. Kama katika Wo ist Coletti?, kinachosukuma kisa ni mbio, wala si mauaji: noti ya Pauni 100 inapita kutoka mkono hadi mkono, na mpelelezi anaifuata kuizunguka dunia. Noti hiyo yenyewe haina siri yoyote ndani yake. Thamani yake katika hadithi ni kwamba haitulii.

Jina la mhusika linasema mengi. Nobody, yaani "si mtu yeyote", lilikuwa limekwisha kutumiwa na Robert Kraft katika hadithi zake za upelelezi zilizochapishwa kwa vijitabu mwanzoni mwa karne. Mpelelezi asiye mtu yeyote ni yule awezaye kuwa mtu yeyote. Katika umbo la mwanamke, wazo hilo linapata nguvu zaidi, kwa kuwa mwanamke wa tabaka la kati katika Ujerumani ya Kaiser hakuwa na haki ya kupiga kura wala uhuru wa kutembea usiku bila kusemwa. Heide Schlüpmann, katika uchunguzi wake wa mwaka 1990 kuhusu sinema ya Kijerumani ya mwanzo, alisisitiza kwamba sinema hiyo iliwapa wanawake nafasi ya kutazama na kutenda ambayo baadaye ilibanwa. Miss Nobody anakimbia, anapanda, anasafiri, na ucheshi ndio unaomruhusu. Kile ambacho katika filamu ya dhati kingeonekana kuwa kashfa, katika kichekesho kilipita.

5.0 Kutoka Webbs hadi Ceeps: Jina la Kiingereza Lachekwa

Mwaka uliofuata mwelekeo ulibadilika. Mwaka 1914 Rudolf Meinert aliongoza Der Hund von Baskerville kwa muswada wa Richard Oswald, Alwin Neuß akiwa Holmes na Karl Freund akiwa nyuma ya kamera. Mwaka huohuo Ernst Reicher na Joe May walianzisha Stuart Webbs kwa Die geheimnisvolle Villa, wakafuatisha Der Mann im Keller na Das Panzergewölbe. Webbs alikuwa mpelelezi mpole, mwenye mavazi ya kiungwana na vifaa vya kisasa. Mafanikio yake yalizaa wengine. May alipotengana na Reicher, alimwanzisha Joe Deebs mwaka 1915, akiigizwa kwanza na Max Landa. Wakafuata Harry Higgs na Tom Shark.

Kinaya hapa hakihitaji kutiliwa chumvi. Kuanzia Agosti 1914 Ujerumani ilikuwa vitani na Uingereza. Magazeti yalimtukana adui, na maduka yalibadilisha majina yenye sauti ya kigeni. Lakini sinemani, watazamaji walewale waliendelea kuwashangilia mashujaa wenye majina ya Kiingereza. Mamlaka za kijeshi zilizoshika udhibiti katika mikoa zilizichukia filamu hizo kwa sababu za maadili, na nyingi zilikumbwa na makatazo, hasa kwa watazamaji vijana. Utanzu haukufa. Majina nayo hayakubadilika.

Ni katika hali hiyo ndipo Ernst Lubitsch alipotengeneza Der Fall Rosentopf mwaka 1918. Lubitsch alikuwa amejijengea umaarufu kwa kuigiza kijana wa Kiyahudi wa Berlin, mara nyingi kwa jina la Sally, mwenye mdomo mwepesi na tamaa ya kupanda ngazi ya maisha, kama katika Schuhpalast Pinkus (1916). Katika Der Fall Rosentopf, Sally ni msaidizi wa mpelelezi aitwaye Ceeps. Mtazamaji wa mwaka 1918 hakuhitaji maelezo: Ceeps ni Deebs aliyepotoshwa kidogo. Kesi inayochunguzwa nayo ni ya chungu cha waridi, na jina la filamu linaitamka kwa uzito wote wa lugha ya mahakamani, "Kesi ya Rosentopf", kana kwamba chungu hicho ni mshitakiwa mwenye jina la ukoo.

Filamu hiyo haikusalia kamili. Hata hivyo, muundo wake unatosha kuonyesha kinachochekwa. Kwanza, kinachekwa kiburi cha utanzu: kosa dogo kabisa linavishwa joho la fumbo kuu. Pili, linachekwa jina lenyewe la Kiingereza. Lubitsch anamweka mpelelezi mwenye jina la kuazima juu, na chini yake anamweka kijana ambaye kila mkazi wa Berlin angemtambua kwa ishara za mikono yake. Kazi inafanywa na msaidizi. Kwa maneno mengine, mwaka 1918 ucheshi ulikuwa umekwisha kubaini na kutania jambo lilelile ambalo Kracauer angelifanya hoja ya kinadharia karibu miaka 30 baadaye, yaani kwamba mpelelezi wa Kijerumani alikuwa amevaa koti la mtu mwingine.

6.0 Kuirudia Hoja ya Kracauer

Je, hoja ya Kracauer inaanguka? Haianguki yote. Ni kweli kwamba mpelelezi wa dhati alibaki na jina la Kiingereza, na ni kweli kwamba Ujerumani ya Kaiser haikumpa raia nafasi ya kujifikiria kuwa mlinzi huru wa haki. Kinachopungua ni upeo wa ushahidi. Kracauer aliipa nafasi Der Andere, akaona ndani yake dalili ya nafsi iliyogawanyika ambayo ingekuja kutawala sinema ya miaka ya 1920. Lakini mwongozaji wa Der Andere, katika mwaka uleule na kampuni ileile, alitengeneza filamu ya pili yenye fundo lilelile. Katika ya kwanza, mtu wa sheria anageuka mwizi asijijue. Katika ya pili, mtu wa sheria anajifanya windo, naye anajijua vema. Pacha katika Der Andere ni ugonjwa. Pacha katika Wo ist Coletti? ni kinyozi mwenye mkono mwepesi. Mhakiki anayeisoma ya kwanza bila ya pili anaona jamii iliyogawanyika nafsi. Anayezisoma zote mbili anaona jamii iliyokuwa na njia zaidi ya moja za kuukabili mgawanyiko huo, na mojawapo ilikuwa kicheko.

Mjadala huu umewezeshwa na kupatikana tena kwa filamu zenyewe. Tamasha la sinema bubu la Pordenone nchini Italia liliipa sinema ya Kijerumani ya kabla ya Caligari nafasi maalumu mwaka 1990, na baadaye kazi za Thomas Elsaesser na Sebastian Hesse ziliwahimiza wahakiki waache kuisoma miaka ya 1910 kana kwamba ilikuwa dibaji tu ya balaa lililofuata. Hoja yao ya msingi ni ya haki: watazamaji wa 1913 hawakujua nini kingetokea 1933, na haifai kuwahukumu kwa kumbukumbu ambayo hawakuwa nayo.

Pamoja na hayo, mwaka 1933 hauwezi kufutwa. Max Mack, aliyezaliwa kwa jina la Moritz Myrthenzweig, aliondoka Ujerumani na kuishia London, alikofariki mwaka 1973. Reicher alifia Prague mwaka 1936. Joe May na Richard Oswald walikimbilia Marekani, ambako Lubitsch alikuwa ametangulia tangu mwanzoni mwa miaka ya 1920. Wote walikuwa na asili ya Kiyahudi. Kracauer naye alikuwa mkimbizi. Kitabu chake alikiandika uhamishoni, akijaribu kueleza jinsi nchi yake ilivyofika ilikofika. Hakuna wa kumlaumu kwa kusikia hofu zaidi kuliko kicheko. Hata hivyo, kuna gharama katika kuacha mambo hapo. Historia inayokumbuka hofu peke yake inawaondoa watu hawa mara ya pili, safari hii kutoka katika kumbukumbu ya Berlin waliyoijua, waliyoipenda na waliyoicheka.

7.0 Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba ucheshi wa upelelezi katika sinema bubu ya Kijerumani haukuwa kivuli cha utanzu wa dhati. Ulitangulia mfululizo wa Stuart Webbs, ulimpa mpelelezi mtaa na umati wa Kijerumani, na uliliuliza swali la utambulisho kwa njia ambayo filamu za dhati hazikuithubutu. Coletti alithibitisha kwamba picha iliyo mikononi mwa kila mtu haimtambulishi mtu. Miss Nobody alitumia kutotambulika kama uhuru. Na Sally, msaidizi wa Ceeps, alilirudisha jina la kuazima kwa mwenyewe, kwa kicheko.

Kwa msomaji wa fasihi ya Kiswahili, historia hii ina mwangwi wa karibu. Holmes huyohuyo alifika pia Zanzibar, na wahakiki wameutambua ujamaa wake na Bwana Msa wa Muhammed Said Abdulla, anayeandamana na Najum kama Holmes na Watson, tangu Mzimu wa Watu wa Kale (1960). Tofauti iko katika upokezi. Watengenezaji wa filamu za dhati mjini Berlin walimwacha mgeni na jina lake, na ikawabidi wachekeshaji wamfanye mwenyeji. Abdulla alimpa mpelelezi wake jina, lugha na jamii ya Unguja tangu ukurasa wa kwanza, na baadaye akathubutu kuandika riwaya aliyoiita Kosa la Bwana Msa (1984), jina linalokiri kwamba hata mwenye akili kuliko wote hukosea. Ulinganishi wa kina wa namna utamaduni mmoja baada ya mwingine ulivyomkaribisha mpelelezi wa London, na mahali ambapo kila mmoja uliamua kumcheka, ungekuwa na manufaa kwa nadharia ya utanzu huu, ambayo hadi sasa imetilia maanani zaidi fumbo kuliko kicheko.